Mwaka Nilioshindwa Kugeuza Shingo

Niliusikia mlio kabla ya kuyasikia maumivu. Ulikuwa mlio mdogo tu, ka, kama kijiti kikavu kinachokanyagwa porini, lakini ulitoka ndani yangu, pale shingo inapokutana na mgongo. Nilikuwa na debe la maji kichwani. Mguu wangu uliingia kwenye shimo la nguzo lililochimbwa asubuhi ile, debe likavuta kichwa upande mmoja na mwili ukaenda upande mwingine. Nilijikuta nimekaa chini, nimelowa chapachapa. Wanawake waliokuwa nyuma yangu wakacheka, nami nikacheka nao.

Ulikuwa mwaka tuliohamia kijiji kipya, sisi wa mashamba ya mbali kule Goweko. Tulibomoa nyumba zetu, tukabeba miti ya paa, milango, vinu na watoto, tukaja kupangwa kwa mistari, kila kaya na kiwanja chake. Mashimo ya nguzo yalikuwa kila mahali. Kiangazi kilikuwa kinakwisha, miyombo imechipua majani mekundu, na kila mtu alikuwa anakimbizana na mvua. Hakuna aliyekuwa na nafasi ya kuugua.

Jina langu ni Nyanzala. Wakati ule nilikuwa mke wa Shija, mkulima wa tumbaku, na mama wa mtoto mmoja, Masele, aliyekuwa bado ananyonya. Tuliishi na mama mkwe wangu, Nyamizi, mjane, ambaye kibanda chake kilijengwa nyuma ya nyumba yetu. Naandika haya kwa ajili ya mtu yeyote anayeamka leo na shingo isiyogeuka, akaogopa hata kusema.

Kesho yake shingo ilikuwa imekaza. Ili nimtazame mtu aliyekaa kando yangu, ilinibidi nigeuze mabega na kiuno, mwili mzima kama mlango. Kwetu husemwa kwamba fisi hageuzi shingo. Watoto wa jirani wakaanza kuniita Fisi, wakanifuata nyuma wakitembea wamekakamaa. Watu wazima hawakucheka. Fisi kwetu si mnyama wa kutaniwa, maana husemwa kwamba ndiye punda wa wachawi.

Mvua za kwanza zilipoanguka, vidole viwili vya mwisho vya mkono wa kushoto vikafa ganzi. Nilikuwa nampa Shija bakuli la mboga, bakuli likaanguka, na mimi sikujua kwamba nimeliachia. Tulilitazama pale chini wote wawili.

“Umechoka,” akasema Shija.

“Nimechoka,” nikajibu.

Tulijua kwamba si kuchoka. Baadaye yakaja maumivu ya kichwa, yanayoanzia kisogoni na kupanda mpaka nyuma ya jicho, kama mtu anayevuta uzi. Kikaja kizunguzungu. Nikiinua uso kutazama juu, ardhi inayumba. Nikaacha kulala chali kwa sababu nikilala chali mkono unawaka moto, nikaacha kulala ubavu kwa sababu shingo haipati pa kukaa. Nikawa nasinzia nimeegemea gunia la mahindi, Masele mapajani, nikiogopa kwamba mkono utamwachia kama ulivyoachia bakuli.

Lakini hofu kubwa ilikuwa nyingine, na sikumwambia mtu. Nilipokuwa msichana nilimwona mrina asali mmoja aliyeanguka kutoka kwenye mti wenye mzinga. Hakufa. Alibaki na macho na mdomo tu. Watoto wake walimtoa nje asubuhi kuota jua na kumrudisha ndani jioni, kama watu wanavyoanika mkeka, na nzi walipotua usoni aliita mtu aje kuwafukuza. Kila siku nilimkumbuka mtu yule. Kila nilipoamka nilianza kwa kuchezesha vidole vya miguu kabla sijafungua macho.

Zahanati walinipa vidonge vyeupe, na vilipokwisha wakanipa vingine vya namna ileile. Aliyenisaidia ni mama mkwe. Alipasha chumvi kwenye kikaango, akaifunga kwenye kitambaa, akanikanda. Kisha alinipaka mafuta ya nyonyo kwa viganja vyake vikavu, polepole, kuanzia masikioni kushuka mabegani. Kwa muda huo mfupi niliweza kupumua.

“Unatetemeka nini, mwanangu?” aliniuliza siku moja.

“Naogopa, mayu,” nikasema, yaani mama.

“Ogopa. Lakini ule.”

Dada yangu Kalunde alikuja kunitazama mvua zilipokolea. Ndiye aliyenilea baada ya mama yetu kufariki, na ananipenda kuliko anavyojipenda yeye mwenyewe. Aliponiona nimekaa kama kigogo, nashindwa hata kumkumbatia, alilia. Akakaa nasi, akapanda miche yangu ya tumbaku, akalima na mtoto wangu mgongoni. Ila tangu siku ya kwanza hakupenda kuona viganja vya yule mzee kwenye shingo yangu.

“Kwa nini haponi?” alimuuliza Shija mbele yangu. “Anakandwa kila siku, kwa nini haponi? Anazidi.”

Shija alichukua jembe akatoka.

Msimu wa kukausha tumbaku ulipofika, nilikuwa sifai kwa kazi yoyote. Nilijilazimisha kwenda kumsaidia mama mkwe kulinda moto kwenye bani, yaani ile nyumba ya udongo tunamokaushia majani. Nilichoka kukaa na kuhudumiwa. Ndani mlikuwa na joto na moshi, fito za tumbaku zimepangwa mpaka juu. Niliinua uso kutazama kama majani ya juu yamegeuka rangi. Hilo tu ndilo ninalolikumbuka.

Nilipozinduka nilikuwa nje, nimelala kwenye nyasi, na Kalunde alikuwa anapiga mayowe. Watu walikuwa wanakuja mbio kutoka mashambani. Mama mkwe alikuwa amepiga magoti juu yangu, mikono yake miwili iko kwenye shingo yangu.

“Mwambieni amwachie!” Kalunde alipiga kelele. “Nimemkuta anamkaba! Nimemkuta!”

Watu wawili wakamvuta yule mzee wakamtupa pembeni. Alikuwa anahema, macho yake mekundu kama makaa, kama yalivyo macho ya kila mwanamke aliyezeekea kwenye moshi.

Wakaniuliza mimi. “Alikukaba?”

Nawaambia ukweli: sikujua. Nilikuwa nimetazama juu, na kisha nikawa kwenye nyasi. Katikati yake hamna kitu. Nikasema, “Sikumbuki,” na nikaona jinsi neno hilo lilivyopita usoni mwa kila mtu.

Siku iliyofuata Kalunde alikwenda kwa mganga bila kutuaga. Alirudi amefunga dawa kwenye pindo la kanga. Mganga alikuwa amemwambia kwamba aliyefunga shingo ni mwanamke mzee, wa upande wa mume, mwenye macho mekundu, anayeua kwa kugusa. Jina hakutaja. Halikuwa na haja ya kutajwa.

Kama hamjaishi kwetu, huenda hamjui maana ya maneno kama hayo kwa mwanamke mzee. Mimi nilijua. Wanawake waliacha kumsalimu kisimani. Alisema “Mwangaluka” asubuhi, na hakuna aliyeitika. Mtu alitupa mfupa wa fisi mlangoni pake. Vijana wawili wa mistari ya juu walipita wakamuuliza Shija, kwa adabu kabisa, kama mama yake bado analala peke yake.

Na mimi niliogopa vitu viwili kwa pamoja. Niliogopa watamuua. Tena niliogopa kwamba huenda ni kweli. Alipokuja na chumvi yake ya moto jioni moja, mwili wangu ulijivuta wenyewe nyuma, na yeye aliona. Aliweka kitambaa chini.

“Basi nitakuachia ujikande mwenyewe,” akasema.

Alipokuwa anaweka kile kitambaa ndipo nilipoona viganja vyake. Vilikuwa vimejaa malengelenge, mengine yamepasuka. Nikamwomba Kalunde anipe kanga niliyovaa siku ya bani. Ilikuwa imekunjwa pembeni, haijafuliwa. Pindo lote la chini lilikuwa limeungua, limekuwa jeusi, na juu yake kidogo moto ulikuwa umezimwa. Ulizimwa kwa mikono.

Niliwaita Shija na Kalunde, nikawawekea kanga ile mbele yao, kisha nikamwambia mama mkwe afungue viganja.

“Nilianguka kwenye moto,” nikasema. “Na huyu ndiye aliyenitoa.”

Kalunde aligusa pindo lile, akalirudisha chini. “Mchawi naye huzima moto,” akasema taratibu, “akitaka uteseke kwanza.”

Hapo nilielewa kwamba hakuna kitu ninachoweza kuonyesha kitakachomtosha. Nikamwambia Shija, “Nipeleke kituo cha garimoshi. Nakwenda hospitali Tabora. Na mama ndiye atakayenisindikiza.”

“Peke yenu?” Shija aliuliza.

“Peke yetu. Masele abaki na dada.”

Kalunde alinishika miguu. “Mdogo wangu, utarudishwa kwenye sanda.”

Mimi nilikuwa nalia kwa ajili ya matiti yangu yaliyojaa maziwa na mtoto ninayemwacha. Lakini nilijua kwamba nikienda na dada, huku nyuma mzee hatakuwepo nitakaporudi.

Garimoshi lilitikisika kila lilipopita kwenye maungio ya reli. Kila mtikiso ulikuwa kama kisu. Mama mkwe aliniona nimeuma kanga. Akasimama nyuma ya benchi langu, akakishika kichwa changu kwa viganja vyake vyenye vidonda, kidogo chini ya masikio, akakiinua kama unavyoinua mtungi mtu apate kukalisha kata kichwani. Maumivu yakapungua. Alisimama hivyo mpaka Tabora, akiyumba na behewa. Nilisikia vidole vyake kooni, na nawaambia, sehemu ya njia nilihesabu pumzi zangu nikingoja avikaze. Hakuvikaza. Tulipofika alishindwa kukunja mikono.

Tulifikia mtaa wa Itetemia kwa mdogo wake, Bi Mwajuma, aliyeolewa na fundi seremala wa mjini na kusilimu. “Shikamoo, mama mdogo,” nilisema nikimtazama miguu, maana kichwa hakikuinuka. “Marahaba. Ingieni,” akajibu. Hakuuliza tutakaa mpaka lini. Alinipa mto wake wa sufi, wa pekee aliokuwa nao nyumbani.

Kisha tukaanza kungoja. Wagonjwa wa hospitali wanalijua hilo, hata kama hawana lugha yake. Tulingojea kwenye benchi la ubao lisilo na pa kuegemea, kwenye ukumbi unaonuka dawa ya kusafishia sakafu. Tuliingia, tukaandikwa, tukaambiwa twende kwenye picha, na mashine ya picha ilikuwa haina filamu. “Njooni wiki ijayo.” Tukaja wiki iliyofuata. “Zimekuja, zimekwisha.” Mama mkwe alikaa upande wangu wa kushoto, kwa hiyo sikumwona. Nilimsikia tu akimenya karanga na kunitia mkononi moja moja, kwenye mkono wa kulia, ule unaohisi.

Picha ilipopatikana, daktari aliishika kwenye mwanga wa dirisha kwa muda mrefu.

“Mama, shingo haikuvunjika,” akasema. “Ila mifupa imekaa vibaya, misuli imekaza, na mishipa ya mkono inabanwa.”

“Nitapooza?”

Aliendelea kutazama ile picha. Laiti angejibu haraka. “Tunakulaza leo,” akasema. “Tutaivuta.”

Nilidhani sikusikia vizuri. Walinilaza chali, wakanivalisha mkanda wa ngozi kidevuni na kisogoni, wakaunganisha kamba iliyopita kwenye kigurudumu nyuma ya kitanda, na mwisho wa kamba wakafunga mfuko wa mchanga. Waliposhusha mfuko, kichwa changu kikavutwa kutoka mabegani. Nilidhani nanyongwa. Nilishika kingo za kitanda, nikamwita mama yangu aliyekufa zamani, na aliyeitika ni Nyamizi.

“Niko hapa. Pumua na mimi.”

Nilivutwa asubuhi na alasiri, wiki baada ya wiki, mvua zikapungua kisha zikakoma. Nilijifunza dari lile kuliko ninavyoijua nyumba yangu. Kitanda cha pili alilala mwanamke aliyeangukiwa na ukuta, hana hisia kuanzia kiunoni. Hatukuwahi kuonana uso, maana wote tulitazama juu. Tulizungumza na dari.

“Vidole vya miguu?” aliniuliza kila asubuhi.

“Vipo.”

“Shukuru.”

Asubuhi moja hakuniuliza. Nikamwita, nikangoja. Nikasikia magurudumu ya kitanda chake yakienda nje, na hakuna aliyetaka kuniambia kama anapelekwa nyumbani au kwingine. Siku ile nilivutwa nikilia, machozi yakaingia masikioni.

Maziwa yangu yalikauka. Misuli ya mkono wa kushoto ilinywea, mkono ukawa kama wa mtoto. Mama mkwe aliniogesha, alinilisha uji kwa kijiko, alinichana nywele bila kutikisa kichwa. Wauguzi walidhani ndiye mama yangu mzazi. Hakuna kati yetu aliyewasahihisha.

Shija na Kalunde walikuja wakati nyasi zimekauka. Walimleta Masele, amekuwa mzito, akanitazama kama mgeni. Walisimama upande nisioweza kuuona. Nikasikia kwamba Shija anapumua vibaya.

“Kuna nini?” nikauliza dari.

“Wamechoma nyumba ya mama,” Shija akasema. “Mchana. Tulikuwa wote kwenye shamba la kijiji.”

“Nani?”

“Hakuna aliyeona.”

Mama mkwe alikuwa anakoroga uji. Nilisikia kijiko kikigonga bakuli, kikasimama, kikaendelea.

“Kuku wangu walikuwa ndani?” akauliza.

“Ndiyo, mama.”

“Wote?”

Ndipo nikasikia mtu anakaa sakafuni. Alikuwa Kalunde.

“Mimi sikuwatuma,” akasema. “Nilitaka tu mdogo wangu apone. Nilitaka kujua.”

Mama mkwe alikuja upande wangu na bakuli, akanilisha kijiko kwa kijiko mpaka uji ukaisha, mbele yao. Kisha alitoka nje, akakaa huko mpaka wakati wa kutazama wagonjwa ulipokwisha. Shija alimfuata. Kalunde alibaki, akainuka, akainamia uso wangu ili nimwone. Alikuwa amezeeka. Akachukua kitambaa, akanifuta mdomo. “Anajua kukushika,” akasema. Lilikuwa neno dogo kwa jambo kubwa kama lile, lakini najua lilivyomgharimu.

Baadaye wauguzi wakanitoa kwenye mkanda, wakanivalisha kola iliyotengenezwa kwa boksi gumu, pamba na bendeji. Joto lilikuwa linaongezeka na kola ilinikwaruza kidevu mpaka kikatoka damu. Nilirudi Itetemia nikiwa naivaa. Nilifundishwa kuirudisha shingo kazini: tazama kulia kidogo, rudi, tazama kushoto kidogo, rudi. Kila mara nilingoja ule mlio. Mpaka leo naungoja.

Asubuhi moja nilikuwa nimekaa barazani kwa Bi Mwajuma, nimevua kola nijifute jasho. Nikasikia mtu anakoroma kushoto kwangu. Nikageuka kutazama. Nilikuwa nimekwisha kutazama ndipo nilipogundua kwamba mabega yangu hayakusogea. Alikuwa yeye, amelala ameegemea ukuta, mdomo wazi, viganja vimefunguka mapajani, makovu ya moto yakiwa meupe. Tangu siku ya debe nilikuwa sijamwona kwa kugeuza shingo tu. Sikumwamsha.

Vidole viliamka mwishoni, kidole cha mwisho hakikuamka chote. Daktari aliniambia nisibebe tena kitu kichwani maisha yangu yote. Kwa mwanamke wa kijijini hilo ni kama kuambiwa usitembee. Shija akaanza kuchota maji kwa baiskeli, wanaume wakamcheka miaka miwili, kisha wawili watatu kati yao wakaanza kufanya vilevile.

Siku ya kurudi Goweko, miyombo ilikuwa imechipua tena. Nilikuwa nimefunga mizigo yangu miwili midogo. Nikamuuliza mama mkwe mbona hajafunga wake.

“Mwanangu,” akasema, “shingo yako imepona. Yangu mimi bado wanaitafuta.”

Nilibishana naye. Nilimwambia nitasimama mkutanoni, nitawaonyesha kanga, nitawageuzia shingo kulia na kushoto wote waone nani ameniponya. Alinisikiliza mpaka nikamaliza. Kisha akanirekebishia kola, akaiegesha ambapo hainikwaruzi, akaniambia nisichelewe garimoshi.

Nilifanya yote niliyomwahidi. Nilisimama mkutanoni. Wengine waliinamisha vichwa, wengine walisema wakwe zangu wamenitisha. Hakurudi tena Goweko. Aliishi Itetemia, akafuga kuku wapya, akafa kwa uzee kitandani mwake, na kwa mwanamke kama yeye hilo nalihesabu kuwa jambo kubwa. Kalunde ndiye aliyemwosha.

Kwa hiyo wewe uliyeamka na shingo iliyokaza, mkono unaokufa ganzi, na hofu ya kulala: nenda hospitali mapema kuliko nilivyokwenda mimi. Usitazame juu ukiwa karibu na moto. Mtu akijua kukishika kichwa chako, mwache akishike. Watu watakuja kukujulia hali, na watakuuliza unaumwa wapi. Wajibu, waonyeshe kwa kidole. Kisha atakuja anayekupenda sana, ataketi karibu, atashusha sauti, akuulize unadhani ni nani aliyekufunga shingo. Huyo usimjibu.